Siku 45 za Pasipoti ya Mama Nasra

Swali ninaloulizwa kuliko yote dukani kwangu si bei ya nakala kivuli. Ni hili: "Pasipoti inachukua muda gani?" Duka langu ni steshenari ya chumba kimoja pale Keko, Dar es Salaam, mwendo mfupi wa bajaji hadi ofisi za Uhamiaji Kurasini. Wengi hupitia kwangu kujaza fomu ya mtandaoni, kuichapisha na kutoa vivuli kabla hawajaenda kule. Zamani nilikuwa na jibu moja la haraka: wiki mbili, zikizidi sana tatu. Jibu hilo nimeliacha tangu kisa cha Mama Nasra. Mwenyewe ameniruhusu nikieleze. Jina nimelibadili, isipokuwa herufi moja tu, kwa sababu herufi hiyo ndiyo kisa chenyewe.

Mama Nasra anauza mashuka na mapazia Kariakoo. Alikuja Jumatatu ya tarehe 26 Agosti 2024, asubuhi saa nne, mkononi kashika pasipoti iliyovimba kama daftari lililonyeshewa. Muda wake ulikuwa haujaisha. Ilitolewa Juni 2018, miezi michache baada ya pasipoti za kielektroniki kuzinduliwa tarehe 31 Januari mwaka huo, na pasipoti hizi hudumu miaka 10. Kwa hesabu hiyo ilikuwa na uhai hadi 2028. Kilichokwisha ni kurasa.

Watu wengi hawalifikirii hili mpaka liwakute. Viza ya China ni stika inayomeza ukurasa mzima, na bado kuna mihuri ya kuingia na kutoka. Mama Nasra alikuwa na stika za kabla ya korona, kisha China ikafunga mipaka hadi Januari 2023, naye katika miaka hiyo hakukaa nyumbani. Alikwenda Dubai, alikwenda Istanbul, na mara nyingi zaidi alipita Tunduma kwa basi kufuata wateja wake wa Zambia na Lubumbashi. Ukisafiri kwa barabara mihuri inaota kama uyoga: kutoka Tunduma, kuingia Nakonde, kutoka tena, kuingia tena, na kurudi ni hivyo hivyo. Nikamhesabia kurasa zilizobaki nyeupe. Ulikuwa mmoja, nao una doa la chai.

"Mdogo wangu," akaniambia, "mimi tarehe 31 ya mwezi wa kumi niwe Guangzhou. Nina muda au sina?"

Hiyo tarehe haikutoka hewani. Maonyesho ya biashara ya Canton, kule Guangzhou, hufanyika mara mbili kwa mwaka, na ya msimu wa vuli huanza 15 Oktoba yakigawanywa kwa awamu tatu. Awamu ya tatu, 31 Oktoba hadi 4 Novemba, ndiyo ya nguo na vitambaa. Ukifika awamu ya kwanza utakutana na majenereta na majokofu. Mama Nasra alikuwa amekwisha agana na wenzake wawili wapange chumba kimoja kule Xiaobei, mtaa ambao ukiita "dada" kwa Kiswahili utageukiwa na watu watatu.

Kuanzia 26 Agosti hadi 31 Oktoba ni zaidi ya miezi miwili. Nikamjibu kwa kujiamini, "Dada, muda unao wa kumwaga. Wiki mbili tu pasipoti unayo, viza nayo haichukui hata wiki." Naandika haya ili ijulikane kwamba kosa la kwanza katika kisa hiki lilitoka kinywani mwangu.

Nikafungua fomu. Ada ya pasipoti ya kawaida ni shilingi 150,000, na hailipwi yote kwa pamoja: unaanza na 20,000 ya fomu, na 130,000 inafuata unapowasilisha maombi. Nikajaza majina kama yalivyo kwenye pasipoti yake, Mwanaidi Salum, na jina la ukoo ambalo halituhusu hapa. Nikaweka namba ya kitambulisho cha taifa, tarakimu zote 20, nikizisoma kwa sauti naye akinifuatisha kidole juu ya kadi. Nikaambatisha kivuli cha cheti chake cha kuzaliwa. Mfumo ukatoa namba ya malipo, akalipia kwa simu hapo hapo, nikachapisha fomu, tukaagana.

Ona ajabu hii. Nilisoma tarakimu 20 za kadi ile moja baada ya nyingine, na macho yangu hayakupanda hata sentimita mbili kutazama jina lililoandikwa juu yake.

Siku mbili zilizofuata alikuwa na mzigo bandarini. Alhamisi tarehe 29 ndipo akaenda Kurasini. Ofisa aliyempokea alipanga karatasi mezani moja kando ya nyingine, na yeye akafanya kwa dakika moja kile ambacho mimi sikukifanya kwa saa nzima. Pasipoti: Salum. Kivuli cha cheti cha kuzaliwa: Salum. Kitambulisho cha taifa: Salumu. Akamwambia kwa upole kwamba aende akazioanishe nyaraka zake, na atakaporudi aje na cheti halisi, kivuli peke yake hakitoshi. Sina neno la kumlaumu ofisa yule. Pasipoti ni hati ambayo nchi inamdhamini mtu mbele ya mataifa. Haiwezi kusema Salum wakati daftari la taifa linasema Salumu. Kwa mwanadamu ni jina moja. Kwa kompyuta ni baba wawili.

Ile u iliingiaje? Nilimuuliza baadaye, akacheka kwanza kabla ya kujibu. Mwaka 2018 alipobadilisha pasipoti alitumia cheti cha kuzaliwa na pasipoti yake ya zamani. Kitambulisho cha taifa alikuwa hajapata. Akaja kujiandikisha Desemba 2019. Walioishi Dar es Salaam mwezi ule wanaukumbuka: kila laini ya simu ilitakiwa isajiliwe kwa alama za vidole, na huwezi kusajili bila namba ya kitambulisho cha taifa. Mwisho uliwekwa 31 Desemba, ukaja kusogezwa hadi 20 Januari 2020. Foleni zilianza alfajiri. Mama Nasra alikuwa na mtoto mchanga mgongoni, akamwomba mjomba wake, mwalimu mstaafu mwenye mwandiko wa kupendeza, amjazie fomu.

Na mwalimu akajaza kama mwalimu. Kiswahili hakipendi neno liishie kwa konsonanti. Ulimi wetu unatafuta irabu ya kupumzikia. Ndiyo maana nyumbani tunamwita mtu Athumani, Mohamedi, Ramadhani, Salumu, hata kama cheti chake kinasema Athuman na Mohamed. Mjomba aliliandika jina la shemeji yake kama alivyolitamka miaka yote, tena kwa sarufi safi. Mama Nasra akatia saini bila kusoma, mtoto analia, foleni inasukuma. Kadi ilipotoka hakutazama jina. Nani anatazama jina lake mwenyewe?

Katika kazi hii nimeona sura zote za ugonjwa huu. Halima kwenye cheti, Halma kwenye kadi. Yusuf na Yusuph na Yusufu wakaao katika mtu mmoja. Mwanamke aliyetumia jina la baba kwenye cheti cha shule na la mume kwenye kadi. Tarehe ya kuzaliwa iliyogeuzwa, 03/08 ikawa 08/03. Hakuna hata mmoja kati ya hao aliyekusudia udanganyifu. Wote waliambiwa warudi.

Turudi kwa Mama Nasra. Alhamisi ile alitoka pale akiwa amenyong'onyea, na kabla hajafika kituoni akasogelewa na kijana mwenye shati lililopigwa pasi na bahasha ya kaki kwapani. Shikamoo dada, mbona umepooza, umekwama nini? Vishoka wanajua kusoma uso kuliko mganga. Kijana akamwambia suala la herufi ni dogo, yeye ana mtu ndani, siku tano inakuwa tayari. Laki mbili ya kuanzia, laki nyingine ukishika pasipoti. Mama Nasra, mwanamke anayebishana na Wachina bei ya shuka mpaka wanamwekea kiti, akatoa laki mbili. Akampa na kivuli cha kitambulisho.

Siku ya tatu simu ilipokelewa: "Dada vumilia, mtu wangu yuko semina." Siku ya tano ililia bila kujibiwa. Siku ya saba haipatikani.

Hakuniambia. Aliona aibu, na nadhani alinikasirikia pia, kwa haki. Alirudi dukani Ijumaa tarehe 6 Septemba, akaketi kwenye ndoo ninayokalishia wateja, akasema, "Nimeliwa." Siku nane zilikuwa zimekwenda bila karatasi hata moja kusogea. Katika siku zote 45 za kisa hiki, hizi nane ndizo pekee ambazo hazikununua chochote. Fedha ziliniuma, lakini kilichonikosesha usingizi ni kile kivuli cha kitambulisho. Laki mbili unaweza kuzitafuta tena. Nakala ya kitambulisho chako ikiwa mfukoni kwa mtu usiyemjua hujui itaibukia wapi. Nikamshauri akatoe taarifa polisi, akaenda.

Siku hiyo ndipo nilipofanya nilichopaswa kufanya tarehe 26. Nikafuta kioo cha mashine ya kivuli, nikapanga juu yake kadi, pasipoti na kivuli cha cheti, nikaweka rula chini ya majina, tukasoma pamoja herufi kwa herufi kama watoto wa darasa la kwanza. Kila kitu kilioana. Tarehe ya kuzaliwa, mahali, jina la kwanza, la ukoo. Imebaki u moja, imejibanza mwishoni mwa jina la marehemu baba yake.

Swali likawa: tunarekebisha ipi? Watu hudhani jibu ni wazi, ile yenye kosa. Lakini fikiria. Tangu 2020 kila kitu cha Mama Nasra kilikuwa kimefuata kadi: laini ya simu, akaunti ya benki, namba ya mlipakodi, leseni ya biashara. Vyote vinasema Salumu. Upande wa pili, wanaosema Salum, ni cheti cha kuzaliwa, cheti cha darasa la saba, pasipoti na viza zote zilizomo ndani yake. Njia ya kwanza ni kuibadili pasipoti ifuate kadi. Hapo ungehitaji hati ya kubadili jina iliyosajiliwa, na bado cheti cha kuzaliwa kingebaki kinapingana nayo. Kesho ukiomba viza, unaeleza upya kwa nini viza za nyuma zina jina jingine. Njia ya pili ni kuirudisha kadi kwenye cheti. Hii inachukua siku kabla ya pasipoti, halafu benki na wengine unawafuata mmoja mmoja baadaye, kwa nafasi yako.

Mimi nilielekea njia ya pili. Kanuni yangu ni kwamba cheti cha kuzaliwa ndicho shina, hivyo vingine vyote ni matawi. Mama Nasra aliwaza benki. Ana mkopo pale, anaogopa kugusa chochote. Akampigia mama yake Ikwiriri, akaweka simu sauti ya juu ili nisikie.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Nani huyo?"

Nikajitambulisha, nikaeleza. Bibi akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Baba yake aliitwa Salum. Hiyo u hatukumzika nayo."

Basi, jambo likaisha. Likabaki la cheti halisi, ambacho kilikuwa kwa bibi. Mama Nasra akamwomba akimpe kondakta wa basi, kitapokelewa Mbagala Rangi Tatu. Bibi akakataa katakata. Cheti kile kiliandikwa kwa mkono mwaka 1984, na amekitunza kwenye kopo la Blue Band, kimeviringishwa kwenye kipande cha kanga. Alisema karatasi hiyo haipandi basi peke yake. Akasubiri mpunga wake uanikwe, akaja nayo mwenyewe Jumatano tarehe 11.

Alipolifungua kopo mezani kwangu nilitaka kumpigia saluti. Cheti hakikuwa kimetiwa plastiki! Naliweka hili wazi ingawa ni kinyume cha biashara yangu: msiniletee vyeti vya kuzaliwa nivitie plastiki. Karatasi ikishafunikwa, muhuri haupapasiki, wino hauchunguziki, na ukija kuhitaji kuthibitisha uhalisia wake umejifungia mlango mwenyewe. Nunua folda ya shilingi mia tano.

Alhamisi wakaenda kwa wakili akaapishwa. Kiapo chenyewe kilikuwa nusu ukurasa: kwamba majina Mwanaidi Salum na Mwanaidi Salumu ni ya mtu mmoja, kwamba mtu huyo ni yeye, na kwamba jina sahihi ni lile lililomo kwenye cheti cha kuzaliwa. Ijumaa tarehe 13 maombi ya kurekebisha taarifa za kitambulisho yakawasilishwa yakiwa na cheti halisi, kiapo, cheti cha shule na barua ya serikali ya mtaa. Kuanzia alipokuja kukaa kwenye ndoo hadi hapo ni siku saba, na sehemu kubwa ya hizo saba ilikuwa ni mpunga wa Ikwiriri kukauka.

Hapo ikaja ngoja. Wiki iliyofuata ilianza na Maulidi. Mama Nasra alinipigia kila siku saa mbili asubuhi kana kwamba mimi ndiye ninayechapisha vitambulisho. Wenzake walikwisha kata tiketi. Mmoja akamshauri aombe hati ya dharura ya safari, aende nayo. Nikamkatisha tamaa haraka: hiyo ni ya kukuvusha nchi jirani, haikupeleki Guangzhou. Mwingine akamwambia aombe viza kwa ule ukurasa mmoja uliobaki, doa la chai na yote. Hapo nilisita, maana si ushauri wa kijinga. China inataka pasipoti yenye angalau miezi sita ya uhai na kurasa tupu za viza, na yeye miezi alikuwa nayo tele. Lakini wanasema kurasa tupu, na huo mmoja nao una madoa. Na stika ikishaukalia, muhuri wa kuingia utapigwa wapi? Angelipia viza, tiketi na hoteli kisha ategemee huruma ya ofisa wa uwanja wa ndege wa ugenini. Akaacha.

Jumatatu tarehe 30 Septemba, siku 17 tangu apeleke maombi, taarifa zake zikasomeka Salum.

Jumatano tarehe 2 Oktoba akarudi Kurasini. Fomu ilikuwa ile ile niliyoichapisha Agosti, maana jina la kwenye fomu lilikuwa sahihi tangu siku ya kwanza. Waliokuwa wakigombana ni wengine. Akapanga karatasi mezani, safari hii zikasema kitu kimoja. Akalipa 130,000 iliyobaki, akahojiwa machache kuhusu safari, akapigwa picha, akachukuliwa alama za vidole. Ananiambia alikaa pale kwa saa zisizofika tatu, na muda mwingi ulikuwa wa kusubiri zamu. Alhamisi tarehe 10 akaitwa kuichukua: kijitabu cha buluu, kurasa zote nyeupe, kinanukia gundi. Ile ya zamani akarudishiwa ikiwa imebatilishwa, nikamwambia asiitupe, maana kwenye ubalozi wowote historia ya viza zako ni nusu ya maombi.

Sasa tuhesabu, maana hapa ndipo lile swali la muda gani linapopata jibu lake. Kutoka 26 Agosti hadi 10 Oktoba ni siku 45. Tatu za mwanzo alikuwa akihangaika na mzigo wake. Nane zililiwa na kishoka. Saba ni za kuleta cheti na kuapa. Kumi na saba ni za kurekebisha kitambulisho. Mbili za kujipanga kurudi Kurasini. Pasipoti yenyewe, tangu alipotoa vidole hadi alipoishika, ilichukua nane, na ukiondoa Jumamosi na Jumapili zinabaki siku sita za kazi.

Nane kwa 45. Na ile wiki mbili niliyomwahidi haikuwa uongo, ilitosha na ikabaki. Nilichokosea ni mahali pa kuanzia kuhesabu. Nilianza siku aliyoingia dukani, wakati saa ya pasipoti huanza kugonga siku karatasi zako zinapokubaliana. Mteja ambaye vyeti vyake vimekaa sawa, cheti halisi anacho mkononi, kadi inasoma kama pasipoti, huyo nimemwona akipata hata kabla ya siku nane. Mteja ambaye baba yake ana u ya ziada, au ambaye cheti kiko kwa shangazi Tandahimba na shangazi hapokei simu, huyo hata mashine zikichapa usiku na mchana hazitamsaidia.

Upande wa fedha nao usiupuuze. Serikali ilichukua 150,000 kwa ajili ya pasipoti. Kishoka 200,000. Ongeza wakili, nauli ya bibi kwenda na kurudi, bajaji zisizo na idadi, na siku ambazo duka la Kariakoo lilishikwa na kijana asiyejua bei. Ule muda wa kishoka ndio unaonisumbua hadi leo, kwa sababu nina hakika asingemfuata kama mimi ningemwambia mapema, "Dada, kuna herufi hapa, itatuchukua kama mwezi." Mtu aliyeambiwa mwezi hujipanga. Mtu aliyeahidiwa wiki mbili kisha akarudishwa siku ya nne hutafuta njia ya mkato, na njia ya mkato ilikuwa imesimama getini na bahasha.

Kwa hiyo nimebadili utaratibu dukani. Mteja wa pasipoti sifungui kompyuta kwanza. Namwomba pasipoti ya zamani, kadi na cheti halisi, nakifuta kioo, naweka rula. Mwezi uliopita nimewarudisha wawili kabla hawajalipa hata senti, na mmoja alinisonya. Sikujali. Wale wenye safari ya tarehe maalum, Hija, masomo, maonyesho, nawaambia waje miezi minne kabla na wanieleze habari za nyaraka zao kama wanavyomweleza daktari. Na kila mtu namuuliza swali ambalo zamani sikuwa nalo: kitambulisho chako ulijijazia mwenyewe au ulijaziwa?

Viza aliiomba Ijumaa tarehe 11 Oktoba, siku iliyofuata. Jumatatu ilikuwa Siku ya Nyerere, ofisi zimefungwa, moyo ukamwenda mbio tena. Ijumaa ya tarehe 18 akaipata. Aliruka tarehe 27, na tarehe 31 akanitumia picha akiwa kwenye banda la mashuka, nyuma yake marobota yamepangwa mpaka darini.

Alirudi katikati ya Novemba na zawadi ya boksi la kalamu, na fomu mbili za benki. Sasa ilikuwa zamu ya matawi. Tukajaza, nikamtolea vivuli vya kiapo nakala tano, maana nilijua kitahitajika kila dirisha. Akaniuliza deni lake. Nikamwambia elfu sita. Akatoa simu, akabonyeza, na yangu ikalia mezani. Nikaisoma kwa sauti, kama tulivyozoea sasa kusoma kila kitu: umepokea shilingi 6,000 kutoka kwa Mwanaidi Salumu.

Akanyoosha mkono kuivuta ile ndoo, akakaa.